Biskuti za Siku ya Nne

Mdogo wangu mpenzi,

Salamu nyingi zikufikie hapo ulipo, zikukute mzima, umekaa, na viatu umevua. Nakujua: ukishika barua umesimama unasoma mstari wa kwanza na wa mwisho, ya katikati unayaruka kama madimbwi. Hii naomba uisome yote. Sisi huku hatujambo. Shemeji yako yuko kwenye duka lake la miwani. Ya wateja anaifuta kila baada ya dakika mbili, ya kwake ina alama za vidole tangu mwaka juzi. Goti lake limeacha kulia anapopanda ngazi. Mimi mwili hauna shida, ila nina jambo moja, na nitalifikia. Na wewe je? Kile kifua kilichokuwa kinakubana asubuhi kimeachia? Unakula, au bado unakunywa chai na kuiita chakula?

Barua yako niliipata. Niliisoma nikiwa kwenye ngazi, nikaisoma tena jikoni, na mara ya tatu nilimpa shemeji yako anisomee kwa sauti, labda kuna kitu macho yangu yameruka. Hakukuwa na kitu. Nusu ukurasa tu, wewe ambaye tangu utotoni tunakuita Chiriku kwa kuwa hunyamazi hata ukiwa na maji mdomoni. Ulisema dirisha la kuuzia umelifunga, trei umempa jirani, umerudi kwenye meza ya mapokezi pale zahanati na wamekupokea vizuri, basi. Ukasema mkono wako hauna bahati na jiko. Halafu ukapiga mstari chini ya maneno haya: tusizungumzie tena biskuti.

Nisamehe, mdogo wangu. Barua hii yote ni ya biskuti.

Napika sasa. Usicheke. Najua nilipoolewa ulinipa karatasi ya jinsi ya kuchemsha yai, ukaandika na pale chini kwamba maji yawekwe kwanza. Lakini Jumamosi saba mfululizo nimefunga kanga kiunoni, nimepima unga, nimechambua zabibu kavu moja moja kutoa vikonyo, na nimeungua mkono mahali ambapo hata shemeji yako hakuamini kwamba mtu anaweza kuunguzwa na oveni. Ile oveni yetu ndogo ilikuwa kabati la sufuria tangu tuinunue. Nilipozitoa sufuria nilikuta ndani yake kijiko changu cha harusi na barua ya umeme ya miaka minne iliyopita.

Kilichonianzisha ni mstari mmoja wa barua yako. Uliandika kwamba wateja wa siku za mwanzo walisifu, na wale wale wiki ya pili wakaanza kurudisha pakiti, na yule mama wa kantini aliyekuwa anachukua kwa wingi akakwambia biskuti zako zinaacha kitu kooni. Kitu gani? Hukuandika. Pengine hukuuliza, ulikuwa unazuia machozi. Lakini mimi neno hilo lilinikaa kama mwiba wa samaki. Mkono ule ule, jiko lile lile, karatasi ile ile ya vipimo. Vipi leo zisifiwe na wiki ijayo zirudishwe? Bahati haifanyi kazi hivyo. Bahati mbaya ikija inakuja yote, haichagui pakiti. Nikajiambia hapa kuna jambo, na jambo lolote lina mkia. Nitautafuta mpaka niushike.

Nilikuwa na kila kitu cha kuanzia. Karatasi yako ya vipimo ulinakili hapa hapa kwenye meza yangu siku ile ulipokuja. Na ule mfuko wa vipande vya korosho uliouchota kwenye gunia lako ukaniachia, ukasema, “Dada, weka, siku ukipata akili ya kupika utanikumbuka,” ulikuwa bado juu ya kabati, umefungwa kwa kamba.

Jumamosi ya kwanza nilifuata karatasi kama mwanafunzi anayeogopa mwalimu. Unga, siagi, sukari ya kahawia, mayai mawili, mdalasini, tangawizi, karafuu ya unga, iliki na kungumanga ya kukwangua. Zabibu niliziloweka kwenye maji ya moto ulivyosema, nikazikausha kwa kitambaa. Korosho nikazikaanga kavu kwanza. Unajua zinasema? Zikikaribia kuwa tayari zinatoa mlio mdogo, kama mtu anayepasua vidole kwa mbali. Nilisimama na sikio karibu na kikaango mpaka shemeji yako akaniuliza kama nasubiri simu.

Zikatoka. Za upande wa kushoto nyeusi kidogo, za kulia rangi ya mchanga uliolowa. Shemeji yako akala tatu zikiwa moto, akasema tamu. Lakini huyo hana faida kwa uchunguzi, tangu nimemjua kila ninachompa anasema tamu, hata dawa ya kikohozi. Kwa hiyo nikamwita Fundi Rangi.

Fundi Rangi humjui, amehamia chini yetu baada ya wewe kuondoka. Ni mpaka rangi wa nyumba, mjane, mrefu kama ngazi yake, na hajui kusema uongo hata wa adabu. Siku ya kwanza alipoingia sebuleni kwetu, kabla hajaketi, alimwambia shemeji yako kwamba ukuta ule ulipakwa na mtu aliyekuwa na haraka ya kwenda kwingine. Aliyeupaka ni shemeji yako mwenyewe. Tangu hapo ni marafiki, na mimi ananiita shemeji. Nikaona mdomo kama huo ndio ninaoutaka. Akaja, akala biskuti nne amesimama, akafuta makombo kwenye sharubu, akauliza nyingine zimehifadhiwa kwa ajili ya wageni gani.

Basi nikabaki na fumbo kubwa kuliko nilivyoanza. Biskuti zako hazina kosa. Sasa nini kilirudishwa?

Kazini kwetu, kama unavyojua, gunia likileta wasiwasi hatukimbilii kulaumu. Miaka kumi na minane nimekaa kwenye ile meza ya kunusa, magunia ya viungo yanapita mbele yangu kabla hayajamwagwa kwenye mashine ya kusaga, na jambo la kwanza nililofundishwa ni kubadilisha kitu kimoja tu kwa wakati mmoja. Ukibadilisha viwili umejipoteza. Nikaleta sheria hiyo jikoni.

Jumamosi ya pili nikashuku karafuu. Kitu kooni, nikafikiri, kinaweza kuwa karafuu, maana ikizidi inatia ganzi. Nikapika nusu kwa kipimo chako na nusu bila karafuu kabisa. Hapo ndipo nilipogundua mambo ambayo sikuyajua, mimi mtu wa viungo maisha yangu yote. Kila kiungo kina mlango wake mdomoni. Karafuu inalaza ncha ya ulimi, kama mguu uliokaliwa mpaka ukafa ganzi. Tangawizi inachoma nyuma, karibu na koo, lakini haraka, inapita. Iliki inapuliza ubaridi puani kwa ndani ukivuta pumzi baada ya kumeza. Mdalasini unakausha fizi. Kungumanga peke yake sikuipata popote. Nimeiweka nyingi, nimeiweka kidogo, hainiambii kitu. Nilikaa mezani na vijisahani vitano na glasi ya maji, nikiandika, na shemeji yako akapita akasema sasa nimekuwa daktari wa ulimi.

Lakini karafuu haikuwa mwizi wetu. Fundi Rangi alisema zenye karafuu ni nzuri na zisizo na karafuu ni mkate uliopotea njia.

Jumamosi ya tatu zamu ya zabibu. Nilitambua kwamba zabibu zikikaa juu ya biskuti, wazi kwa moto, zinavimba, zinaungua na kuwa chungu kama kidonge, lakini zikizamishwa ndani ya donge zinabaki laini. Ni jambo jema kulijua, nakupa bure. Lakini uchungu huo unausikia hapo hapo, siku ile ile. Haungoji wiki. Nikaanza kukata tamaa. Nikazitia zilizobaki kwenye kopo la bati, nikalifunika, nikalisahau juu ya friji, maana wiki hiyo kazini tulikuwa na mzigo mkubwa na nilikuwa narudi nimechoka hata kuvua saa.

Jumatano jioni Fundi Rangi alipanda kurudisha sahani yetu. Sikuwa na cha kumpa, nikakumbuka kopo. Nikalifungua, nikamsogezea. Akachukua moja, akauma, akatafuna mara mbili, kisha akaacha kutafuna. Ningependa ungeuona uso ule. Hakutema, ana heshima zake, lakini alimeza kama mtu anayesaini karatasi asiyoipenda. Akaipeleka biskuti puani. Akaenda nayo dirishani kwenye hewa, akanusa tena. Kisha akanigeukia, akasema:

“Shemeji, hapa umepika biskuti au umepaka mlango?”

Nikamuuliza ana maana gani. Akasema hiyo ni harufu anayoijua kuliko jina lake. Ni rangi ya mafuta, ile ya zamani, kopo likifunguliwa baada ya kukaa mwaka mzima. Nikamwambia Jumamosi iliyopita alikula hizi hizi, tatu, na akaomba nyingine. Akasema Jumamosi zilikuwa biskuti. Leo ni mlango.

Mdogo wangu, sijui kama nilimuaga. Nadhani hata asante ya sahani sikuitoa. Nilikaa mezani nikaandika kwenye daftari kwa herufi kubwa: SIKU YA NNE. Maana wewe ulikuwa unapika mwisho wa wiki na kuuza wiki nzima, si ndiyo? Waliokuja mwanzo walipata biskuti. Waliokuja baadaye walipata mlango.

Kilichobaki ni kujua nani kati ya vitu vyenye mafuta: siagi au korosho. Mayai niliyaondoa kwenye orodha, yai likiharibika halifichi. Jumamosi ya nne nikapika makundi mawili. La kwanza siagi ile ile bila korosho. La pili siagi mpya ya dukani na korosho za mfuko wako. Nikazifunga kwenye makopo mawili, nikaandika moja na mbili chini ya kopo ambako hakuonekani, nikasubiri mpaka Jumatano kama mtu anayesubiri matokeo ya mtihani. Fundi Rangi akaja na kofia yake yenye rangi saba. Akanusa kopo la kwanza, akala, akasema biskuti, lakini inakosa kitu cha kutafuna. Akafungua la pili, na hakuweka hata mkono ndani. Akafunika. Akasema mlango.

Nikamletea mfuko wenyewe wa korosho, mbichi, hazijaguswa na jiko. Akaingiza sharubu zake mle ndani, akazitoa haraka, akasema, “Hapa ndipo mchawi anapoishi.” Alinieleza yeye, mpaka rangi, jambo ambalo mimi ningepaswa kumweleza yeye. Kwamba mafuta yoyote ya mmea yakikaa muda mrefu kwenye joto yanageuka. Kwamba ndiyo maana makopo yake anayahifadhi chini ya ngazi na si juu ya bati. Korosho zako, Chiriku, zilikuwa zimegeuka tangu kwenye lile gunia. Ukizikaanga na kuzizika kwenye mdalasini na karafuu, zinanyamaza siku mbili tatu, viungo vinazifunika mdomo. Viungo vikipoa, zinaanza kusema.

Tangu hapo nimepika mara tatu nyingine kwa korosho mpya nilizochagua punje kwa punje, nyeupe, kavu, zinazovunjika kwa sauti. Karatasi yako sikuigusa hata kidogo. Nimezihifadhi siku nne, siku sita, siku nane. Fundi Rangi amezila zote, na za siku nane amezipeleka kazini kwake akanyimwa hata moja ya kurudi nayo.

Kwa hiyo jibu ni hilo. Mkono wako hauna kosa. Vipimo vyako havina kosa. Gunia ndilo lililokuwa na kosa, na aliyekuuzia pengine alijua, pengine hakujua.

Natamani barua ingeishia hapo. Lakini nakuona, umeiweka magotini, umekunja uso, unauliza: lakini dada, wewe pua yako ilikuwa wapi?

Ndilo swali. Ndilo nililokuwa nalizunguka tangu mstari wa kwanza. Acha nilijibu sasa kabla kalamu haijaniponyoka.

Sinusi, mdogo wangu. Sinusi kitu chochote. Nilipata mafua mabaya, ya siku kumi, wiki tano kabla hujaja kwetu. Mafua yaliisha, pua ikafunguka, hewa ikapita vizuri, lakini ikapita mikono mitupu. Nilijua siku niliposimama jikoni nakunja nguo, maziwa yakiwa motoni nyuma yangu. Shemeji yako akaja mbio kutoka chumbani na taulo, kumbe yamefurika, yameungua, yamekuwa mkaa, moshi umejaa, na mimi nakunja shuka naimba. Alizima moto, akaniangalia. Nilifungua mtungi wa karafuu nikauweka puani. Ilikuwa kama kunusa glasi.

Nikamwapisha asimwambie mtu. Mtu wa kunusa asiyenusa ni nini? Nilifikiri itarudi kesho, kesho kutwa. Kazini nikaendelea kuketi kwenye meza ile ile. Nikatazama rangi, nikasikiliza punje zikivunjika, nikaonja kwa siri, na nilipokwama nikamuuliza mwenzangu kwa mzaha, “Hebu leo nikupime wewe, unaonaje hili?” na jibu lake nikalifanya langu. Mambo ya ulimi niliyokwambia nimeyagundua Jumamosi ya pili, ukweli nilianza kuyagundua huko, kwa woga.

Kisha ukaja wewe. Unakumbuka ulivyoingia? Ulikuwa umelowa mpaka mgongoni, lakini kopo umelifunika kwa koti lako. Ulisema biskuti hizo zina siku tatu, umezileta makusudi zikiwa na siku tatu ili zipimwe kama mteja atakavyozikuta. Ulisema chumba chako kina harufu ya biskuti mchana na usiku, pua yako imezoea, haiamini tena. “Nataka pua ya kazi, dada. Pua ya kazi ikisema ndiyo, kesho naacha zahanati.” Hukuwa mjinga. Ulifanya jambo la akili kuliko wote: ulikuja kwa mtu aliyepaswa kujua.

Nilichukua biskuti. Nikaipeleka puani kama ninavyofanya kazini, nikafumba macho, nikavuta pumzi taratibu, kwa madaha, na nyuma ya macho yangu nilikuwa sioni kitu ila uso wako unaosubiri. Nikauma. Sukari. Chumvi kidogo. Tangawizi. Ganzi ya karafuu. Mlango ulikuwa mdomoni mwangu, mdogo wangu, na sikuuona. Shemeji yako alishakula zake akasema tamu, na sote wawili tukacheka kwamba neno lake halihesabiwi.

Nikasema, “Usiguse kitu.”

Ulilia, ukanikumbatia, na ukaomba kalamu. Barua ya kuacha kazi uliiandika kwenye meza yangu, kwa kalamu yangu, na mimi ndiye niliyekusahihishia neno moja. Neno moja tu nami ningeweza kusema: subiri. Au: mpelekee mwingine. Au kweli yenyewe, ambayo ingenichukua pumzi moja. Sikusema kwa sababu niliona aibu, na nilikuwa naogopa kwamba likitoka mdomoni litafika kazini. Nililinda meza yangu kwa kuikalia yako.

Kwa hiyo unaposema mkono wako hauna bahati, ujue si bahati. Ni mimi.

Wiki mbili zilizopita nilikwenda kwa mwenye mashine. Nilifunga mlango wa ofisi yake, nikamwambia yote nikiwa nimesimama. Hakupiga kelele, na ingekuwa afadhali angepiga. Aliuliza tangu lini. Nikamtajia. Akasema siku ile mota ya mashine ndogo ilipoungua, watu wote walitoka nje wakiziba pua, na mimi nikapita pembeni yake na kikombe cha chai nikisalimia. Alijua tangu hapo. Akasema alikuwa ananisubiri niseme, na kila Ijumaa alikuwa anarudia yeye mwenyewe kupima magunia yangu, baada ya sisi kuondoka. Mawili aliyakataa. Mzee yule ana miaka sabini na mbili, na alikuwa anainama juu ya magunia yangu kwa sababu mimi nilishindwa kufungua mdomo.

Ameniondoa kwenye meza. Sasa niko upande wa kuchambua, naondoa vijiti na mawe kwa macho, na nachekecha. Sikufukuzwa. Mwenzangu niliyekuwa nikimuuliza kwa mzaha ndiye amekaa mahali pangu, na siku ya kwanza alikuja kunisalimia kwa aibu, kana kwamba yeye ndiye aliyekosa. Daktari amenipa kazi ya nyumbani: mitungi minne, karafuu, ndimu, kahawa na majani ya mchaichai, asubuhi na jioni, ninuse kila mmoja huku nikikumbuka ulivyokuwa. Anasema inaweza kurudi, inaweza isirudi, na inaweza ikarudi imebadilika, kahawa ikanuka sabuni. Nashangaa kwamba hata hilo nalingoja kwa hamu. Nataka kujua.

Sitakuomba msamaha kwa posta. Jambo hilo linataka miguu. Siku utakayosema njoo, nitakuja, na nikifika nitakwenda kwa yule mama wa kantini kwanza, kabla ya kuvua koti, nimwambie kwa mdomo wangu kwamba aliyekosea ni dada mtu, na dada mtu ndiye mimi. Wengine utanionyesha. Kama dirisha hulitaki tena, ni haki yako, na zahanati ni kazi ya heshima. Lakini ukiacha, acha kwa sababu umechoka kuamka mapema, au kwa sababu unapenda ile meza. Usiache kwa ajili ya mkono. Mkono ni mzima.

Pamoja na barua hii kuna kopo. Ni za Jumamosi hii, kwa karatasi yako, zabibu zimezamishwa, korosho ni mpya. Zitakufikia zikiwa na siku tano au sita, nimehesabu. Shemeji yako anakusalimu sana na anasema anaona aibu kwa ile tamu yake. Fundi Rangi, ambaye hamjaonana, anasema mpikaji wa karatasi ile akipata nyumba atampakia rangi jiko lake bila kuruka kona.

Ukilifungua kopo, naomba kabla hujala unuse. Hapa nyumbani nimewauliza mpaka wamenichoka. Mmoja anasema nzuri, mwingine anasema hainuki rangi, na hakuna hata mmoja anayeweza kunieleza zaidi ya hapo. Wewe una maneno. Kama kuna kitu kibaya, anza na hicho. Kama hakuna, niambie kilichopo, kimoja kimoja, kwa utaratibu kinavyokuja.

Na kama una hasira nami, ambayo ni halali yako, usijilazimishe kunisalimia. Niandikie harufu tu.

Ni mimi,
dada yako.